Hati Nyuma ya Kioo

Kila asubuhi, kabla hajafungua dirisha la karakana yake, Fundi Fremu alifuta kioo kimoja. Hakikuwa cha mteja. Kilikuwa chake, kimetundikwa sebuleni juu ya kochi, mahali ambapo mgeni akiingia tu lazima akione.

Nyuma ya kioo kile hapakuwa na picha ya harusi. Palikuwa na karatasi yenye muhuri mwekundu wa mahakama. Karatasi ile ilisema kwamba yeye, mtengeneza fremu za picha, alinunua nyumba hii mnadani. Aliitengenezea fremu ya mbao nyeusi, pembe zimekutana hata ukucha haupiti. Kuzunguka karatasi aliweka kadi ya rangi ya maziwa, upana wa vidole viwili. Karatasi yenyewe aliibandika kwa gundi kwenye ubao, isije ikajikunja.

"Utakuja kukitoboa hicho kioo kwa kukisugua," mkewe alimwambia.

"Nyumba yangu, kioo changu."

"Nyumba yetu."

"Haya, nyumba yetu. Kioo changu."

Mkewe alicheka. Mwaka huo alikuwa ameanza darasa la watu wazima, jioni tatu kwa wiki. Sasa alisoma kila kilichokaa mbele yake. Alisoma karatasi ya sabuni. Alisoma mfuko wa unga. Alisoma maandishi kwenye fulana za wapita njia, mpaka wengine wakadhani anawakodolea macho.

"Twende wote," alimwambia mumewe mara nyingi. "Kuna nafasi kwenye dawati langu."

"Mimi najua kusoma," Fundi alijibu kila mara.

Alijua kidogo. Alijua tarakimu zote, maana kazi yake ni vipimo. Alijua kusoma majina ya wateja. Lakini karatasi yenye mistari mingi ilimlemea. Hilo hakumwambia mtu.

Siku moja mwanamume mgeni alisimama mbele ya nyumba. Alitazama paa. Akatazama msingi. Akatoa futi ya chuma mfukoni, akaanza kupima ukuta.

Fundi alitoka na msumeno mkononi. "Karibu, bwana. Umepotea?"

"Sijapotea. Wewe ndiye mpangaji?"

"Mpangaji wa nani?"

"Wa Mzee Randa."

Fundi alihisi uso ukimwaka moto. Mzee Randa ndiye seremala aliyeijenga nyumba ile. Watu walimwita hivyo kwa sababu alitembea na randa yake kwapani, kama wengine wanavyobeba gazeti. Ndiye aliyemfundisha Fundi kazi ya mbao, tangu namna ya kushika nyundo. Miaka mitatu iliyopita deni la benki lilimshinda mzee, na mahakama ikaamuru nyumba yake iuzwe mnadani. Mwanafunzi wake akainunua.

Tangu siku ile hawakusemezana. Fundi akimwona mzee kwa mbali, alikata kona. Mtu atanunuaje nyumba ya mwalimu wake, halafu amwamkie barabarani kama kawaida?

"Hii nyumba ni yangu," alisema Fundi. "Niliinunua. Ingia nikuonyeshe."

Mgeni aliingia. Akasimama mbele ya kioo, akasoma. Hakuchukua muda.

"Fremu nzuri sana, fundi. Lakini hii ni hati ya mauzo ya mnada tu. Mimi juzi nilikwenda ofisi ya ardhi. Niliomba wanitafutie kwenye daftari mwenye kiwanja hiki ni nani. Majibu haya hapa." Alitoa karatasi. "Jina ni la Mzee Randa. Lako halimo."

"Haiwezekani."

"Ndiyo hivyo. Kijana wake, yule dereva wa lori anayekaa mbali, ananiuzia kwa niaba ya babake. Ijumaa ijayo mzee mwenyewe anakuja ofisini kutia sahihi. Mimi nilipita kuona kama kuta zina nyufa." Mgeni aliinua mabega. "Sina ugomvi nawe. Kama una neno, lipeleke ofisini kabla ya Ijumaa."

Alikunja futi yake, akaaga vizuri, akaondoka. Heri angetukana.

Mke wa Fundi alikuwa mlangoni. Alikuwa amesikia yote.

"Baba watoto, si ulikwenda ofisi ya ardhi? Uliporudi nilikuuliza, vipi? Ukaniambia, tayari."

"Nilikwenda," alisema Fundi. Hapo hakusema uongo.

Mkewe alipanda juu ya kochi. Akaanza kusoma kwa sauti, kidole kikifuata mistari juu ya kioo. Miaka mitatu alikuwa akiipita karatasi ile bila kujua inasema nini, na hata baada ya kuanza darasa hakuwahi kuipandia, maana aliambiwa mambo ni tayari. Alisoma namba ya kiwanja. Alisoma jina la mumewe. Alipofika chini akasogeza uso karibu na kioo.

"Kuna mstari mwingine hapa. Umefunikwa na kadi yako. Naona vichwa vya herufi tu, miguu imezama."

"Ni mapambo ya mahakama hayo."

"Mapambo gani yana herufi? Namwita Mama Masjala."

"Usimwite mtu!"

Lakini mkewe alikuwa ameshavaa kandambili.

Mama Masjala alikaa nyumba ya tatu. Alifanya kazi miaka thelathini katika ofisi ya ardhi, kwenye masjala, yaani chumba cha kutunzia mafaili, mpaka akastaafu. Alikuja na miwani yake ikining'inia kifuani kwa kamba ya kiatu. Alisikiliza habari yote akiwa amesimama.

"Fungua fremu," alisema.

"Mama, fremu hii nimeifunga kwa..."

"Mwanangu, nimesema fungua."

Fundi aliilaza fremu mezani kifudifudi. Akang'oa misumari midogo, mmoja mmoja. Alipoinua kadibodi ya nyuma, karatasi zilizokunjwa zikaanguka sakafuni.

Mkewe aliziokota, akazikunjua. "Fo-mu ya ma-o-mbi," alisoma. "Fomu ya maombi ya kuhamisha u-mi-li-ki."

Zilikuwa kurasa nne. Zote tupu. Juu ya ukurasa wa kwanza tu palikuwa na herufi tatu za mwanzo za jina la Fundi. Hapo kalamu ilikuwa imesimama.

Mkewe aligeuza kurasa moja moja, mbele na nyuma. Nje, mtoto wa jirani alikuwa akigonga kopo.

"Zilikuwa humu siku zote?" mkewe aliuliza.

Fundi alitazama vidole vyake. "Nilikwenda wiki ile ile ya mnada. Wakanipa hizo. Nikakaa kwenye benchi. Mistari ikawa mingi. Watu pembeni wanajaza haraka haraka. Nikaona mahali pameandikwa mmiliki wa sasa, na sahihi. Nikadhani lazima nimlete Mzee Randa aje atie sahihi mbele yangu. Ningemwambia nini? Mzee, njoo unipe nyumba yako mara ya pili?" Aliokota msumari mdogo mezani. "Nikarudi nyumbani. Ukaniuliza, nikasema tayari. Likatoka lenyewe."

"Miaka mitatu, baba watoto. Na mimi natembea kifua mbele, naambia watu kwangu ni kwangu."

"Najua."

"Hujui. Ungejua ungesema."

Neno hilo lilimchoma kuliko lile la mpangaji.

Mama Masjala aliondoa kadi ya rangi ya maziwa. Hakuusoma ule mstari. Alimsogezea mke wa Fundi.

"Hati hii ni u-thi-bi-ti-sho wa mauzo," mke alisoma polepole. "Mnunuzi anatakiwa ku-i-wa-si-li-sha ofisi ya ardhi, ili jina lake liandikwe katika daftari."

"Haya," alisema Mama Masjala. "Umefunika maneno yenyewe yaliyokuwa yanakutuma. Mimi nimeona mengi, mwanangu. Nimeona mtu ameficha hati chini ya godoro mpaka panya wakazalia juu yake. Nimeona aliyeichimbia shimo. Lakini aliyeibandika kwa gundi akaivisha kioo, wewe ni wa kwanza. Hongera."

Mke wa Fundi alicheka bila kutaka. Kisha macho yakamjaa machozi. "Mama, ndiyo nyumba imekwenda?"

"Haijakwenda. Kaeni chini." Yeye mwenyewe akaketi. "Nyundo ya dalali ikigonga mnadani, na ukalipa, umenunua. Lakini daftari la ardhi halina masikio. Halikusikia nyundo. Linajua tu kilichoandikwa ndani yake. Anayetaka kununua anatazama daftari. Benki inayotaka kukopesha inatazama daftari. Hakuna anayekuja kutazama sebule yako."

"Na sahihi ya mzee?" Fundi aliuliza.

"Ya nini? Ukinunua kwa mtu, mkono kwa mkono, muuzaji hutia sahihi. Hapa mahakama ndiyo iliyouza. Amri ya mahakama na hati ya mnada ndizo zinazosimama mahali pa sahihi yake. Ungeuliza dirishani wangekuambia. Miaka mitatu unamkimbia mzee wa watu kwa sahihi ambayo hakuna aliyeitaka!"

"Niliona aibu kuuliza."

"Mficha uchi hazai. Sikiliza. Kesho asubuhi nenda ofisini. Kwanza kabisa omba zuio. Zuio ni alama inayowekwa kwenye daftari kusema, hapa yupo mtu mwingine mwenye madai, msibadilishe kitu mpaka asikilizwe. Ikiwekwa, Ijumaa hawataweza kuhamisha jina. Baada ya hapo ndipo uombe jina lako liandikwe. Chukua hati ya mnada, amri ya mahakama, risiti zako za malipo na kitambulisho. Kuna ushuru wa kulipa. Lipa panapotakiwa, udai risiti. Usimpe mtu pesa nje ya geti, hata akivaa tai. Na jambo usilolijua, uliza palepale, maana taratibu hubadilika. Mimi nilistaafu zamani."

"Hati imeganda kwenye ubao," Fundi alisema kwa sauti ndogo.

"Basi chukua ubao."

Kesho yake walikwenda wote wawili. Fundi alibeba ubao kwapani, ameufunika kwa shuka. Kwenye foleni shuka ikateleza.

"Mzee, hapa si studio ya picha!" mtu mmoja alisema.

"Mwache," alisema mwingine. "Kaleta kipande cha ukuta kuwa ushahidi."

Benchi zima likacheka. Lilikuwa benchi lile lile la miaka mitatu iliyopita. Fundi alitamani sakafu ifunguke. Akageuka kuelekea mlangoni. Mkewe akamshika kiwiko.

"Leo huondoki," alimnong'oneza.

Dirishani alikaa karani, binti mwenye kalamu sikioni.

"Shikamoo, baba. Nikusaidie nini?"

"Marahaba, mwanangu. Nilinunua nyumba mnadani miaka mitatu iliyopita. Jina sikubadilisha. Sasa nasikia inauzwa tena." Shingo ilikuwa imelowa jasho. "Na fomu zenu zinanishinda kusoma."

Alingoja kicheko. Karani hakucheka. Hakushangaa hata kidogo.

"Zinawashinda wengi, baba. Ziliandikwa na watu wasiopanga foleni." Alitoa kalamu sikioni. "Tusome wote. Maswali ninayo mimi, majibu unayo wewe."

Wakasoma. Mke wa Fundi alisoma mistari mifupi, karani akasoma mirefu. Namba ya kiwanja. Tarehe ya mnada. Jina la mnunuzi. Hakukuwa na swali hata moja ambalo Fundi hakujua jibu lake. Kabla ya saa sita mchana zuio lilikuwa limepokewa na kugongwa muhuri, na wao wamepewa nakala yao.

Kisha karani aliugonga ubao kwa kalamu. Ngo, ngo.

"Hii siwezi kuitia kwenye faili, baba. Faili halitafungika."

"Naweza kuibandua kwa mvuke."

"Usiiguse! Muhuri ukiharibika utajitafutia kazi. Nenda mahakamani, omba nakala ya hati hii iliyothibitishwa. Ukija nayo nitapokea maombi yako ya kuandikwa jina."

Walipotoka nje, Fundi hakuelekea nyumbani. "Kuna mahali napita kwanza," alisema.

"Kwa mzee?"

"Kwa mzee."

"Si umeambiwa sahihi yake haihitajiki?"

"Sifuati sahihi."

Mzee Randa alikuwa amepanga chumba kimoja nyuma ya ghala la mbao. Walimkuta kwenye kigoda, akipiga msasa mguu wa kiti. Alimwona Fundi, lakini hakuacha kusugua.

"Shikamoo, mzee."

Msasa ulikwenda, ukarudi. "Marahaba. Vipi, leo kona zimekwisha?"

Fundi aliuegemeza ubao ukutani. Kisha akasema yote. Alisema habari ya fomu na ya benchi. Alisema habari ya gundi, na ya neno lile "tayari". Alisema habari ya mgeni mwenye futi. Hakujitetea. Mkewe alisimama kando, akimsikiliza mumewe akijiumbua mara ya pili siku moja.

Mzee aliinuka, akaingia chumbani. Alirudi na rundo la barua lililofungwa kwa kamba.

"Kodi ya ardhi hizi," alisema. "Kila mwaka zinakuja kwa jina langu, kwa nyumba ambayo siwezi kukaa hata barazani pake. Mleta barua anaita jina langu mbele ya wapakiaji wa mbao. Kila mwaka nanadiwa upya. Nilikuwa nangoja uje uniondolee jina langu pale. Hukuja."

"Sikujua, mzee wangu. Nilidhani aibu ni yangu peke yangu."

Mzee aliketi tena. Alichezea msasa vidoleni. "Na mimi ninayo yangu. Kijana wangu sikumwambia nyumba iliuzwa. Baba mzima, ningeanzia wapi? Nilimwambia nimeipangisha kwa mwanafunzi wangu, nikae karibu na mbao. Mwezi uliopita alipokuja akaziona hizi barua. Zina jina langu. Akaamini kabisa. Akanitafutia mnunuzi, apate kunihamishia kwake, nisilale tena kwenye chumba hiki. Nami nimekaa kimya. Ijumaa inakuja, natafuta ugonjwa wa kuugua siku hiyo."

"Mzee," alisema mke wa Fundi, "namba ya simu ya kijana unayo?"

"Ninayo."

"Mpigie. Sisi tuko hapa."

Mzee aliishika simu muda mrefu kabla ya kubonyeza. Alisema maneno machache. "Nyumba ile iliuzwa mnadani, mwanangu. Miaka mitatu sasa." Upande wa pili injini ya lori ilizimwa. Kisha sauti ikasema, "Baba, mbona hukuniambia?"

"Niliona aibu."

"Umekula leo?" kijana akauliza.

Mzee Randa alifunika macho kwa mkono uliojaa vumbi la mbao.

Ijumaa ilifika, na hakuna aliyekwenda kutia sahihi. Yule mgeni alitafuta kiwanja kingine. Hakukasirika sana, kwa sababu alikuwa hajatoa chochote. Alikuwa mtu wa kuuliza daftari kwanza. Fundi alipata nakala iliyothibitishwa kutoka mahakamani. Aliipeleka kwa karani, akalipa ushuru, akatunza risiti. Aliambiwa arudi baada ya wiki tatu. Akarudi, akaambiwa bado. Akarudi tena. Baada ya miezi mitatu akapewa hati mpya. Jina la Mzee Randa lilikuwa limefutwa katika daftari, na jina lake limeandikwa.

Mama Masjala aliipokea hati ile kwa mikono miwili. Kisha akamtazama Fundi kwa juu ya miwani.

"Usithubutu kuipima."

"Sijaigusa, mama!"

"Naona macho yako. Hati haitundikwi. Weka kwenye sanduku la bati, mahali pakavu. Toa nakala, umpe ndugu unayemwamini. Gundi yako weka mbali."

Mwaka ule barua ya kodi ya ardhi ilikuja kwa jina la Fundi. Labda yeye ndiye mtu pekee mtaani aliyefurahi kuletewa barua kama ile.

Aibu haikuisha upesi. Watu wa foleni ile walimsimulia kwa wengine, na mteja akija kuchukua picha alitania, "Hujaibandika kwa gundi hii, fundi?" Fundi aliinamisha kichwa, akacheka nao. Lakini wawili kati ya watani hao walirudi baadaye, peke yao, wakamuuliza kwa sauti ya chini zuio huombwa dirisha gani.

Jumapili moja, kabla hajahamia kwa kijana wake, Mzee Randa alikuja kuaga. Ilikuwa mara yake ya kwanza kuingia nyumba ile tangu mnada. Alipapasa miimo ya mlango aliyoichonga mwenyewe. Alipofika sebuleni akasimama. Juu ya kochi ukuta ulikuwa na alama ya mraba, nyeupe kuliko pengine, na msumari mtupu.

"Msumari umepinda," alisema.

"Ndiyo, mzee."

"Mimi sikukufundisha kupigilia hivi."

"Hapana, mzee."

"Lete nyundo."

Fundi alileta nyundo. Mzee aling'oa msumari, akaunyoosha juu ya jiwe la mlangoni, akaupigilia upya. Mapigo matatu tu. Kisha akarudi nyuma hatua mbili, akautazama.

"Haya. Tundikeni kitu."

Mke wa Fundi alikwenda chumbani. Alirudi na mfuko wa kitambaa, ule anaoendea darasani, akautundika. Ndani yake mlikuwa na madaftari mawili. Moja lilikuwa kuukuu. La pili lilikuwa jipya, na juu yake pameandikwa jina la Fundi kwa mwandiko wake mwenyewe, herufi zote mpaka ya mwisho.